Upande wa Pili wa Kanda

Lehemu ya kuungia nyaya iliniishia jua likiwa linazama, na mpaka leo huwa najiuliza ingekuwaje kama ningebakiwa na hata kipande cha urefu wa kidole.

Nisingetoka dukani. Yule mwanamke angenikuta nina kazi mkononi, nami ningemfukuza kama ninavyowafukuza wote wanaokuja na mizigo yao saa za kufunga. Mimi sina maneno ya asali. Uliza mtaani kwetu, utaambiwa: yule dada fundi redio, kazi yake safi, ulimi wake msumeno. Lakini lehemu iliisha, na redio ya watu ilikuwa imelala mezani tumbo wazi. Nikavuka barabara, nikanunua, nikapiga domo kidogo na mwenye duka, nikarudi. Haikufika robo saa.

Nikamkuta mtu amekaa kwenye kiti changu.

Si kwenye benchi la wateja. Kiti changu, nyuma ya meza ya kazi, ambacho hata mama yangu mzazi hakikalii.

"Dada, hapo ni pa fundi," nikamwambia.

Akainuka taratibu. Hakuomba radhi. Alikuwa amejifunika kitambaa kilichoshuka mpaka kwenye nyusi, na mdomo ameuziba kwa barakoa kama mtu mwenye mafua makali. Joto lilikuwa bado halijashuka, lakini mikononi alivaa glavu nyeusi za kitambaa. Na alinuka. Si jasho, wala si uchafu. Alinuka maji... maji yaliyokaa siku nyingi mahali pasipo na mwanga, yenye kutu.

Mezani kwangu alikuwa ameweka kinasa sauti. Cha kanda, cha zamani, kizito, chenye mkono wa kubebea. Nimefungua vinasa sauti vya kila aina tangu nikiwa msichana, lakini hicho sikukijua. Hakikuwa na jina la kampuni. Vitufe vyote vilikuwa vipya, ila kile chekundu cha kurekodia kilikuwa kimelika katikati kwa kubonyezwa.

"Kinaumwa nini?" nikauliza.

"Kinasikia," akanong'ona. Sauti ilimkwaruza. "Lakini hakishiki."

"Acha hapo. Njoo kesho."

"Kijaribu leo, fundi. Kijaribu vile unavyojaribu siku zote."

Akatoka. Nami, kwa kuwa nilikuwa nimeudhika na mambo ya kiti, sikujiuliza yeye alijuaje ninavyojaribu siku zote.

Hapo lazima nieleze. Fundi mwingine akitaka kujua kama kinasa sauti kimepona, huhesabu: moja, mbili, tatu, haloo, haloo. Baba yangu, aliyenifundisha kazi hii kwenye meza hiyo hiyo, alikataza. Alisema ukihesabu utasikia namba tu. "Simulia kitu kilichotokea," alikuwa akiniambia, "kitu unachokijua mpaka harufu yake. Hapo kanda ikiyumba hata kidogo, sikio lako litajua." Tangu hapo sijawahi kuhesabu. Nina kisa kimoja tu, nacho ndicho kilichopimia kila mashine iliyopita mkononi mwangu. Ni kisa cha mdogo wangu.

Tunamwita Kidebe tangu alipojua kusema, maana alipojua hakunyamaza tena. Sasa ni mtu mzima wa miaka thelathini na saba, anaoka mikate, anaishi na mimi na mama. Kila jioni akitoka kazini hupitia dukani kunisaidia kushusha mlango wa chuma, ambao hukwama, kisha tunarudi nyumbani yeye akiongea na mimi nikimwambia anyamaze. Koti lake jeupe la kazini hulitundika kwenye msumari nyuma ya mlango wangu. Hicho kisa anakijua na kinamchekesha. "Dada," husema, "umenitangaza kwenye kila redio ya mji huu. Utaanza lini kunilipa?"

Siku hiyo asubuhi tulikuwa tumegombana. Alimaliza sabuni yangu ya kuogea bila kuniambia, nikamfokea kama ameiba nyumba. Neno langu la mwisho kwake lilikuwa: toka mbele yangu, unanichosha.

Basi nikavuta kile kinasa sauti karibu. Kanda ilikuwa ndani tayari, haina maandishi. Nikabonyeza chekundu, nikasimulia kama kawaida.

"Nilikuwa na miaka kumi, mdogo wangu ana mitano. Nyuma ya nyumba kulikuwa na tangi la maji la chini ya ardhi, mfuniko wake wa chuma. Siku hiyo mfuniko ulikuwa wazi. Nikasikia chubwi. Nikakimbia, nikalala kifudifudi, nikaingiza mkono, nikakamata ukosi wa shati lake. Chuma kikanipasua kiganja. Sikuachia. Nikavuta mpaka akatoka, akakohoa, akaniambia, dada, maji ni ya baridi. Mwisho."

Nikarudisha kanda nyuma. Nikabonyeza isome.

Sauti ilitoka safi. Safi kupita kiasi. Nilisikia hata pumzi yangu, hata kiti kilivyolia nilipoinama. Nikawa tayari nimeshashika kalamu niandike kwamba kizima, hakina ugonjwa. Sauti yangu ikaendelea... miaka kumi... mfuniko... chubwi... nikakamata ukosi wa shati lake.

Kimya kidogo.

"Shati likachanika," ikasema sauti yangu.

Kalamu ikanitoka.

Halafu yakafuata maji. Maji tu, yakigonga kuta za saruji, mara ya kwanza kwa nguvu, kisha polepole... kisha tone. Kisha tone. Kisha hakuna.

Nilifikiri ni mchezo. Kuna mafundi wenye choyo mtaa wa nyuma, wangeweza kumtuma mtu aje kunitania. Nikanyoosha mkono wa kulia kuzima mashine, na mkono ukabaki hapo hapo hewani. Kwa miaka thelathini na miwili kiganja hicho kimekuwa na kovu kutoka kidole cha shahada mpaka kwenye kifundo. Hulisikia likikaza baridi ikiingia.

Kiganja kilikuwa kitupu. Laini kama cha mtoto.

Nikageuka kutazama nyuma ya mlango. Koti halikuwepo. Msumari haukuwepo. Tundu la msumari halikuwepo ukutani.

Nikachukua simu nitafute namba yake. Kati ya majina yote, Kidebe hayumo. Namba yenyewe naijua kwa kichwa, nikaipiga kidole kimoja kimoja. Mwanamke wa kwenye mtambo akaniambia namba hiyo haipo. Nikakaa chini sakafuni, nikampigia mama.

"Mama, Kidebe amefika nyumbani?"

Nilisikia sufuria ikiwekwa chini.

"Nani?" akauliza, kwa sauti ndogo.

"Kidebe, mama. Mdogo wangu."

"Mwanangu," akasema, "tulikubaliana. Siku tuliyotoka makaburini tulikubaliana kwamba jina hilo halitatajwa ndani ya nyumba yangu. Mbona unanifanyia hivi, nimekukosea nini?" Akakata.

Sitaki kukudanganya kwamba nilikuwa jasiri. Nililia pale chini kati ya mabaki ya waya, nikiililia sabuni. Ndiyo, sabuni. Ningemnunulia sanduku zima. Kisha hasira ikanipanda, na mimi hasira ndiyo miguu yangu. Nikatoka mbio kumtafuta yule mwanamke.

Nje, mshonaji jirani yangu alikuwa bado barazani na cherehani yake. Ni mzee wa maneno machache, macho yake hayapitwi na kitu.

"Mzee, yule mwanamke aliyetoka kwangu sasa hivi, ameelekea wapi?"

"Mwanamke gani?"

"Aliyejifunika. Mwenye glavu."

Akaacha kukanyaga cherehani. Akanitazama juu ya miwani.

"Mama fundi, unaumwa? Nimekuona wewe tu. Ulivuka barabara, ukarudi. Kisha nikakuona ukitoka mlangoni umejifunika kama mwenye mafua, nikakusalimu hukuitika. Nikasema, leo kaamka vibaya. Mwendo wako naujua, miaka yote hii tunaishi ukuta kwa ukuta." Akaigeukia cherehani. "Ila sikumbuki ulivyoingia tena."

Nikarudi dukani nikaketi. Kichwa kikaanza kufanya kazi. Nani mwingine duniani angejua jinsi ninavyojaribu mashine? Nani angekaa kwenye kile kiti bila kuona kwamba amekosea? Waliosema kikulacho ki nguoni mwako hawakujua walivyosema.

Na ule utepe ulikuwa bado unazunguka. Sikuwa nimeuzima.

Kutoka ndani ya kinasa sauti nikasikia mlango ukifunguliwa. Hatua za viatu vizito. Halafu sauti ambayo ningeitambua hata nikiwa kaburini.

"Dada, kumbe umeshafika? Dukani nimekuta pamefungwa. Leo kule kazini tanuri limetufanyia vituko, ngoja nikusimulie... Dada? Mbona unalia?"

"Hapana," ikajibu sauti yangu. "Kaa tu. Kaa hapa karibu."

"Niache basi nivue viatu. Ni mambo ya sabuni? Nitanunua nyingine, yaishe."

Nikauma ngumi nisipige kelele. Nikainama mpaka midomo yangu ikagusa kile kitobo cha kuingizia sauti.

"Wewe," nikanong'ona. "Nani yuko huko?"

Viatu vikanyamaza. Nikasikia mtu akiinuka, akibeba kitu kizito, akienda chumba kingine, akifunga mlango. Pumzi ikaja karibu kabisa na sikio langu.

"Umeshajua," akasema.

"Mrudishe."

"Ndiyo kwanza ameingia mlangoni."

"Mrudishe, nakwambia. Si wako."

"Si wangu?" Akacheka bila furaha. "Tumbo lile lile lilitoa wangu na wako. Shati lile lile, tangi lile lile. Kwako ukosi ulishika, kwangu ukachanika. Wewe ulifanya nini kizuri kunizidi mimi? Niambie, maana nimejiuliza miaka thelathini na miwili."

Ningempa jibu gani? Nilishika tu, ukosi ukashika.

Akanieleza kwa kunong'ona, vipande vipande, kama mtu anayesikiliza mlango kwa sikio la pili. Kinasa sauti alikikuta mezani kwake siku moja, hakuna aliyekileta. Alikijaribu kwa namna ya baba. Akagundua kwamba kinachukua kisa cha mtu na kukipeleka kwa mwingine mwenye kisa hicho hicho kilichokwenda njia nyingine, halafu kinamletea cha yule. Kwanza alikisimulia kwamba alimvuta ndugu yake akatoka. Mara mia alisimulia. Hakikushika.

"Kinashika ukweli tu," akasema. "Na huo ukweli haukuwa wangu. Ulikuwa wako. Ilibidi ukiambie wewe kwa mdomo wako."

"Na ulikujaje huku?"

"Nilisimulia kile kisa cha baba alivyonikalisha kwenye kile kiti mara ya kwanza, miguu haifiki chini. Hicho ni cha kwetu sote wawili, hakina tofauti hata neno. Nilipomaliza nikafumbua macho, niko kwenye kiti chako. Nilipokwisha kukukabidhi nikakitaja tena, nikajikuta kwangu. Kinasa ni kimoja, dada. Kiko kwako, kiko kwangu."

Aliniita dada. Moyo uliniuma, sitakataa.

"Niachie mpaka asubuhi," akasema. "Wewe umemchoka. Mnagombana juu ya sabuni. Mimi sijawahi kupata hata hiyo ya kugombana."

Sasa nitakwambia nilichofanya, unihukumu unavyotaka. Fundi ni fundi hata akiwa analia. Waya unaopitisha moto kwenda ndio unaopitisha kurudi. Kama kisa changu cha kweli kilimchukua Kidebe kikampeleka kule, basi kisa chake cha kweli, kikitoka kinywani mwake kikaingia kwenye utepe, kingemrudisha. Nilihitaji aseme tu. Tatizo, kitufe chekundu kikibonyezwa hulia tak, na yeye ana masikio yangu, anajua sauti hiyo kuliko jina lake.

Lakini kuna namna ya kukibonyeza kisilie. Unakibana na kile cha pembeni kwa ukucha, unakishusha taratibu kama mtu anayefunga mlango wa chumba cha mtoto aliyelala. Unakishikilia hapo hapo. Ukikiachia tu, kitalia.

Nikakishusha. Nikakishikilia.

"Ilikuwaje?" nikamwuliza. "Siku hiyo. Kwako."

"Usiniulize."

"Umeshawahi kumwambia mtu?"

"Mama alikataza."

"Mimi si mtu mwingine," nikasema. "Niambie mimi."

Upande wa kule, mbali, Kidebe alikuwa akijiimbia. Nikaanza kuogopa kwamba hatasema. Halafu akasema.

"Lilikuwa shati langu la zamani. Mama alimrithisha. Lilishalika shingoni, mimi mwenyewe nilikuwa nimeliona asubuhi... nikasikia chubwi. Nikakimbia. Nikalala kifudifudi, nikakamata ukosi. Akanitazama. Hakulia, alinitazama tu, alijua nimemshika. Likachanika. Nikabaki na kipande chenye kifungo kimoja. Akasema, dada. Mara moja." Alivuta pumzi kwa shida. "Sikuita mtu. Watu walikuwepo, jirani alikuwa anafua nguo hatua kumi tu. Nilisimama na kile kipande mkononi. Niliogopa kupigwa, kwa sababu mfuniko ni mimi niliyeuacha wazi. Nilikuwa nimechota maji, nikakimbilia mchezo. Nilisimama mpaka maji yakatulia. Ndipo nikaita."

Machozi yalikuwa yananitiririka mpaka shingoni. Na mimi ndiye niliyeuacha mfuniko wazi. Sijawahi kulisimulia hilo kwenye mashine yoyote, wala kwa mama, wala kwa Kidebe mwenyewe anayeniita mwokozi wake mbele za watu. Nilitaka kumwambia hivyo. Nilitaka kumwambia alikuwa mtoto wa miaka kumi.

"Ndiyo hivyo," akasema. Sauti ilikuwa imelegea, kama ya mtu aliyetua mzigo. "Asante kwa kuniuliza."

Kidole kikachoka.

Tak.

Nikauvuta mkono, nimeshachelewa.

"Ulikuwa unarekodi," akasema.

Nyuma yake nikamsikia Kidebe akiita, dada, kichwa kinanizunguka, njoo. Nikasikia mbio, mlango ukigonga ukuta, sauti yangu ikisema shika mkono, shika mkono wangu, nishike... na utepe ukanyamaza.

Kiganja changu kikawaka maumivu. Nikakifumbua. Kovu lilikuwa limerudi, jekundu, linachuruzika damu kana kwamba chuma kimenikata dakika hiyo.

"Dada, bado tu uko humu ndani?"

Alikuwa amesimama mlangoni na unga kwenye nyusi. Nilimrukia, nikamshika, nikampiga ngumi mgongoni, nikamkumbatia tena. Yeye akawa ananishangaa.

"Leo una nini wewe? Kule nyumbani umenishika umenilowesha bega, nimefumba macho tu, nimefumbua niko hapa mtaani, nawe umeshanitangulia kufika. Nadhani joto la tanuri limenipanda kichwani."

"Limekupanda," nikasema. "Tushushe mlango."

Njiani hakunyamaza, nami sikumwambia anyamaze. Tulipokaribia nyumbani akasema, kwa aibu, akitazama pembeni: "Ila dada, vile ulivyonishika kule... ulininusa mpaka nywele. Baba amekufa, mama si mtu wa kukumbatia. Sikujua kama nilikuwa nahitaji kitu kile." Nikajifanya sikusikia.

Kesho yake nilikifungua kile kinasa sauti. Hakikuwa na mota. Hakikuwa na kitu chochote ninachokifahamu. Utepe ulitoka kwenye kanda, ukaingia kwenye tundu dogo jeusi, na haukutokea upande wowote. Nikaupiga nyundo mzigo wote, nikauchoma nyuma ya duka mpaka ukawa donge. Cha kwangu kikaisha. Cha kwake, bila shaka, kilikuwa bado kiko mezani kwake.

Nikaishi hivyo wiki tatu. Kila kisa cha utotoni kilinitia hofu. Maana kabla ya siku ile ya tangi, mimi na yeye tulikuwa na maisha mamoja, miaka kumi mizima, na kila siku ya miaka hiyo ni mlango anaoweza kuufungua. Nikawa nikichelewa dukani nampigia Kidebe simu. Namwuliza umekula, umefunga milango, uko na nani. Akawa ananicheka, anasema nimekuwa polisi.

Juzi mlango wa chuma ulinikwamia peke yangu, kwa kuwa yeye alikuwa na mapumziko. Nikampigia.

"Uko na nani?"

"Swali gani hilo, dada?" Alikuwa anatafuna kitu. "Si wewe hapa, unanimenyea machungwa..." Kwa mara ya kwanza tangu ajue kusema, Kidebe alinyamaza. "Dada," akanong'ona kwenye simu, "nani huyo anayepiga?"

Nikasikia simu ikichukuliwa mkononi mwake, kwa upole.

"Sikuja kumchukua," ikasema sauti yangu. "Nimekuja kukaa naye tu. Saa moja. Ulinifanya nikisimulie kile kisa, dada. Nilikiamini kinywa chako, nikakwambia nisilomwambia mama. Nipe saa moja, halafu sitakusumbua."

Ningeweza kukimbia. Nyumbani ni mwendo wa dakika kumi na tano. Lakini nilimwona yule mtoto wa miaka kumi na kipande cha shati mkononi, akisubiri maji yatulie. Nilimwonea huruma kuliko nilivyowahi kumwonea mtu yeyote, na nikajua kwamba nilimwibia. Nilifikiri, saa moja itanipunguzia nini?

"Saa moja," nikasema. "Si zaidi."

Nikakaa kwenye kizingiti cha duka, nikaitazama saa. Mshonaji alifunga akaondoka, akaniaga, nikaitika. Taa za barabarani zikawaka. Dakika ya sitini ilipotimia nikainuka, nikaenda, sikukimbia, nikajiambia ahadi ni ahadi hata kwa kivuli.

Taa ya sebuleni ilikuwa inawaka. Ndani, Kidebe alikuwa anasimulia kitu kwa sauti kubwa, na mama alikuwa anacheka, yule mama asiyecheka. Nikajaribu ufunguo wangu. Haukuingia. Nikagonga.

Kicheko kikakatika. Nikasikia ndara za mama zikija mpaka mlangoni.

"Nani?"

"Mimi, mama."

"Mimi nani?"

"Mwanao, mama. Nimerudi. Nifungulie."

Nikasikia komeo la pili, lile la chini ambalo hatulitumii, likisukumwa.

"Nenda zako, mama wa watu," akasema. "Wanangu wote wawili wako ndani."